Sosi ya Matufaha na Mapeasi Yenye Viungo: Kuanzia Sokoni Mpaka Kwenye Chupa

Sosi hii haina siri ya viungo wala ya jiko. Kinachoitengeneza au kuiharibu ni mpangilio: kipi kinaingia kwanza, kipi kinasubiri, na sukari inaingia saa ngapi. Wengi hutumbukiza vyote kwa mkupuo, matunda, sukari nusu kilo, mdalasini wa unga na karafuu kiganja kizima, wakakoroga mpaka mkono ufe ganzi. Kisha wanashangaa mbona imetoka nyeusi, tamu ya kukera, na inanukia kama kwa daktari wa meno. Harufu hiyo ya mwisho ni ya karafuu, na tutaishughulikia.

Vipimo vya hapa ni vya kilo 3.5 za matunda yakiwa na maganda yake. Zinatoa zaidi kidogo ya lita 2 za sosi, yaani chupa nne au tano za nusu lita. Tenga saa tatu kama una mtu wa kukusaidia kumenya. Ukiwa peke yako, anza asubuhi.

Matunda

Matufaha ninayosema ni yale ya nchi za baridi, si matofaa ya Unguja na Pemba, ambayo ni matamu kuliwa mabichi lakini ukiyapika unabaki na maji. Kwa Tanzania utayapata yanayolimwa Lushoto, Njombe na Makete; kwa Kenya, nyanda za juu za kati. Mengi yanayopangwa kwenye meza za matunda mijini yanatoka Afrika Kusini, na hayana ubaya wowote kwa kazi hii.

Usinunue aina moja. Unataka nusu yawe makali na nusu matamu. Granny Smith, lile la kijani, ndilo rahisi kulipata kati ya makali, na likipikwa hulainika. Kwa utamu chukua Gala au Golden Delicious. Red Delicious, lile jekundu la kupendeza macho, liache mezani: likipikwa halina ukali wala harufu. Tufaha lililogongwa halina shida, utakata palipochubuka. Lenye ukungu ndilo la kutupa lote, usikate upande ukapika upande.

Mapeasi yanataka macho zaidi. Peasi halingojwi liivie mtini, kwa sababu huanza kuiva kutoka moyoni kwenda nje; likilainika kwa juu, ndani limeshageuka kahawia. Kwa hiyo mkulima huyachuma yakiwa magumu, na wewe unayavundika nyumbani kama ndizi: mfuko wa karatasi au boksi lililofunikwa, weka na ndizi mbivu moja ndani, subiri siku chache. Kulipima, usibonyeze tumboni. Bonyeza shingoni, karibu na kikonyo. Shingo ikikubali kidole kidogo tu, limefika. Ndiyo maana sokoni swali la maana si bei pekee. Ukipita Soni au Lushoto mjini, ambako yanauzwa kwa sado na kwa ndoo, muulize muuzaji, "Mama, haya ni ya leo au ya wiki ijayo?" Atakuambia, na mara nyingi atakuchagulia.

Kuna yale mapeasi ya Usambara yaliyo magumu na yenye chenga kama mchanga ukitafuna. Usiyadharau. Chenga hizo ni za asili ya peasi na haziishi kwa kupikwa, ila chujio linaziondoa nyingi, na harufu ya mapeasi hayo mara nyingi inayashinda yale laini ya supamaketi.

Kwa nini vyote viwili? Tufaha lina pektini nyingi, kitu kile kile kinachoifanya jemu igande. Peasi lina kidogo. Sosi ya mapeasi matupu hutoka tamu na yenye harufu, lakini nyepesi, inatiririka kwenye sahani. Ya matufaha matupu inasimama vizuri, ila harufu yake inaisha haraka mdomoni. Uwiano unaofaa ni kilo 2 za matufaha kwa kilo 1.5 za mapeasi. Ukizidisha mapeasi itabidi uipike muda mrefu zaidi ili ikazike, na kadiri unavyoipika ndivyo harufu uliyoifuata inavyoondoka na mvuke.

Viungo na vitu vingine

Mkoa wa Tanga una bahati hapa: matunda ya baridi yanatoka Usambara ya Magharibi, na ukivuka kwenda Muheza na Amani, Usambara ya Mashariki, unakuta iliki, mdalasini, karafuu na pilipili manga shambani. Sufuria nzima inaweza kujaa bila kutoka mkoani. Unahitaji:

- matufaha kilo 2 na mapeasi kilo 1.5
- maji kikombe kimoja (mililita 250), yasizidi
- maji ya limao au ndimu vijiko vikubwa 5
- mdalasini wa magome, vipande viwili vya urefu wa kidole
- iliki punje 6, zipondwe kidogo tu zipasuke
- karafuu 4
- tangawizi mbichi ya ukubwa wa kidole gumba, ikatwe vipande vyembamba
- kungumanga ya kukwangua mwishoni
- chumvi, ncha ya kijiko cha chai
- sukari, kuanzia gramu 0 hadi 200. Kiasi kamili utakijua ukionja

Karafuu ni nne kweli, sikukosea. Kiungo hiki kina mafuta makali, na ndiyo yaliyokuwa yakitumika kutuliza jino. Nne zinaipa sosi kina bila mtu kujua ni nini. Kumi zinaifunika iliki, tunda na kila kitu.

Viungo viwe vizima. Mdalasini wa unga ukichemshwa muda mrefu huipa sosi rangi ya udongo na ulaini wa kuteleza ulimini. Kama huna magome, unga uingie dakika tano za mwisho, kijiko kimoja cha chai. Kungumanga nayo usiichemshe. Inakwanguliwa moto ukishazimwa, mikwaruzo michache tu. Ni kiungo ambacho kikizidi sana kinadhuru mwili, mbali na kuharibu ladha.

Vyombo: sufuria nzito ya stili ya lita 6 au zaidi. Sufuria ya alumini haifai, maana uchachu wa matunda na limao hula alumini, na sosi inatoka na ladha ya bati. Mwiko wenye mpini mrefu, chujio la waya, kisu kikali, kitambaa cheupe cha pamba na uzi wa kufungia viungo.

Kumenya na kukata

Osha matunda yote kwa maji ya uvuguvugu ukiyasugua. Matufaha ya kutoka nje hupakwa nta ili yang'ae, hivyo yanataka kusuguliwa zaidi.

Weka kando beseni la maji yenye kijiko kikubwa cha maji ya limao, tofauti na yale ya kwenye orodha. Kila unachomenya kinaingia humo, la sivyo kitageuka kahawia kabla hujamaliza ndoo. Menya, kata robo, toa moyo na mbegu zote. Mbegu za tufaha na peasi zina kemikali ambayo zikisagwa hutoa sumu ya sianidi. Moja iliyoponyoka nzima haitamdhuru mtu, lakini usizipeleke kwenye blenda. Kwa peasi, kijiko cha chai hutoa moyo haraka kuliko kisu: zungusha mara moja, kisha vuta ule uzi mgumu unaopanda mpaka kwenye kikonyo.

Matufaha makali yakate vipande vya ukubwa wa kete ya bao. Mapeasi yaliyoiva yaache makubwa zaidi, yanawahi kulainika. Mapeasi magumu yakate madogo kuliko yote.

Kama unapenda sosi yenye rangi ya waridi, chukua maganda ya matufaha mekundu, yafunge kwenye kitambaa chake peke yake, yapikwe pamoja. Yanaacha rangi na pektini, kisha unayatoa.

Kupika

Funga mdalasini, iliki, karafuu na tangawizi kwenye kitambaa. Tumbukiza kifurushi kwenye sufuria pamoja na kile kikombe kimoja cha maji, maji ya limao na chumvi. Chemsha dakika tano ukiwa umefunika. Hapa maji ndiyo yanayokunywa viungo, na baadaye matunda yatayanywa maji. Ukikitupa kifurushi juu ya matunda yaliyokwisha kuwa rojo, kitakaa hapo juu bila kutoa kitu cha maana.

Sasa chuja matufaha kutoka kwenye beseni, yaingize, geuza mara mbili tatu, funika. Moto wa wastani. Utaona maji ni machache mno na utashawishika kuongeza. Usiongeze. Baada ya dakika kama kumi fungua mfuniko: matufaha yameanza kutoa maji yake, vipande vya chini vimeshapoteza kingo na vya juu vinang'aa. Ndipo mapeasi yanapoingia. Kama ni yale magumu, yaingie pamoja na matufaha tangu mwanzo.

Funika tena dakika 15 hadi 20, ukikoroga kila baada ya dakika chache ukifika chini kabisa. Anayetumia jiko la mkaa apunguze makaa mapema, kwa sababu rojo la matunda likishika chini halina dawa. Likishika kidogo, usikwangue: hamishia la juu kwenye sufuria nyingine taratibu na uliache la chini lilipo.

Kipande cha tufaha kikikatika kwa kuguswa na mwiko, vyote vimeiva. Toa kifurushi cha viungo, kikamue kwa vijiko viwili, onja. Ladha ikiwa bado nyepesi, kirudishe wakati wa kukausha. Ikiwa imetosha, kitupe sasa hivi, maana karafuu haziachi kutoa.

Kulainisha ni hiari yako. Mwiko peke yake hutoa sosi yenye vipande, nzuri kwa nyama. Chujio hutoa laini na huondoa chenga za mapeasi. Blenda ni haraka, lakini acha rojo lipoe kwanza na usijaze zaidi ya nusu; likiwa la moto mvuke husukuma mfuniko na rojo la kuchemka hurukia uso na mikono.

Rudisha jikoni bila kufunika, moto mdogo. Hapa ndipo sosi inaporuka. Mapovu mazito hupasuka na kurusha matone yanayoganda kwenye ngozi, ndiyo kazi ya ule mpini mrefu. Koroga dakika 20 hadi 40 kutegemea maji ya matunda yako.

Kipimo cha kuiva ni hiki: weka kijiko kimoja cha sosi kwenye sahani iliyokaa kwenye friji. Subiri dakika moja. Ikizungukwa na maji pembeni, bado. Ikitulia kama kilima kidogo na sahani ikabaki kavu pembeni yake, imeiva. Ukipitisha kidole katikati, njia ibaki wazi. Kumbuka ikipoa huzidi kukaza, kwa hiyo itoe ikiwa nyepesi kidogo kuliko unavyoitaka mezani.

Sasa sukari. Imesubiri mpaka hapa kwa sababu mbili. Ikiingia mapema huvifanya vipande vya tunda vishikilie ugumu wake na vichelewe kupondeka, na huungua chini kabla tunda halijaiva. Tena maji yanapopungua, utamu wa tunda lenyewe hukolea, na sosi uliyoionja nusu saa iliyopita siyo unayoionja sasa. Kwa mapeasi yaliyoiva vizuri huenda usihitaji hata kijiko. Ukihitaji, tia gramu 50 kwa wakati mmoja, koroga ziyeyuke, onja. Sukari guru inafaa sana, ila inaongeza rangi. Asali pia ni nzuri, lakini sosi yenye asali asipewe mtoto wa chini ya mwaka mmoja. Mtoto mchanga anayeanza kula mtengee fungu lake lisilo na sukari.

Zima, kwangulia kungumanga, koroga.

Kuhifadhi

Ya kula wiki hii haina mambo mengi: mimina kwenye chupa safi zilizokauka, acha zipoe, weka kwenye friji, tumia ndani ya siku saba hadi kumi kwa kijiko kisafi kila mara. Kwenye friza inakaa miezi mingi. Acha nafasi ya vidole viwili juu, maana ikiganda hutanuka.

Ya kuweka kabatini ni kazi nyingine, na hapa sikushauri ufupishe hatua hata moja. Bakteria anayeleta botulizimu, sumu ya chakula inayoweza kuua, hawezi kukua kwenye chakula chenye uchachu wa kutosha, na mstari ni pH 4.6 (kipimo cha uchachu; namba ikishuka, uchachu umezidi): chini ya hapo, maji yanayochemka yanatosha kuhifadhi. Matufaha kwa kawaida yako chini ya mstari huo, ila mapeasi mengine yanaukaribia. Yale maji ya limao, kijiko kikubwa kimoja kwa kila nusu lita, ni kinga kabla hayajawa ladha. Kwa sosi ya kabatini tumia maji ya limao ya chupa ya dukani, ambayo uchachu wake umepimwa, au robo kijiko cha chai cha ndimu ya unga (asidi ya sitriki) kwa nusu lita. Ndimu mbichi zinatofautiana, ziachie sosi ya friji.

Kwa sababu hiyo hiyo, usiongeze papai, ndizi wala boga kwenye sosi hii kisha ukaifungia kabatini. Vyote vinapunguza uchachu. Unga wa kukazia, siagi na maziwa pia visiingie. Unga huzuia joto kufika katikati ya chupa.

Chupa ziwe za glasi nzito, zisizo na ufa, na mifuniko mipya yenye mpira ndani. Ziweke kwenye maji ya moto zikisubiri. Sosi iwe inachemka unapoimimina, na juu ubaki upana wa kidole kimoja. Pitisha kijiti kisafi pembeni ya chupa kutoa mapovu, futa mdomo wa chupa kwa kitambaa chenye maji ya moto, funga kwa nguvu ya vidole tu. Tandika kitambaa chini ya sufuria kubwa, panga chupa zisigusane, maji ya moto yazifunike kwa sentimita 3, kisha chemsha.

Muda unategemea unaishi wapi, na hili mapishi mengi yanaliruka kwa kuwa yameandikiwa watu wa tambarare. Kadiri unavyopanda mlima, maji huchemka kwa joto dogo zaidi, takriban nyuzi 1 kwa kila mita 300. Njombe maji yanayotokota kwa fujo yana nyuzi 93 au 94 tu, wala moto mkubwa hauyaongezei hata moja. Kinachofidia ni dakika. Kwa chupa za nusu lita:

- Tanga, Dar es Salaam, Zanzibar, Mombasa na popote chini ya mita 300: dakika 15
- Moshi, Arusha, Dodoma, Mwanza, Lushoto mjini, Kampala, Bujumbura, Kigali, mpaka mita 1,800: dakika 20
- Njombe, Makete, Limuru na popote juu ya mita 1,800: dakika 25

Nairobi ina mitaa chini na juu ya mstari huo, kwa hiyo tumia 25 ulale salama. Chupa za lita moja zinahitaji dakika 20 pwani, 25 mpaka mita 900, 30 mpaka mita 1,800, na 35 juu ya hapo. Hesabu inaanza maji yakishachemka kwelikweli, siyo ulipowasha moto.

Zima, subiri dakika tano, toa chupa zikiwa wima, ziweke juu ya taulo mbali na upepo. Usizigeuze kichwa chini. Zikishakaa saa 12 hadi 24, bonyeza katikati ya kila mfuniko: uliozama na haurudi umeshika, unaoruka "tik" haujashika, nenda nao kwenye friji. Andika tarehe, weka gizani, tumia ndani ya mwaka mmoja. Siku ya kufungua, mfuniko uliovimba, sosi inayofoka au yenye harufu ya pombe haionjwi. Inatupwa.

Mezani

Uji wa ulezi na kijiko kikubwa cha sosi hii hauhitaji sukari. Chapati na mandazi vinaelewana nayo, mtindi pia. Ile yenye vipande ipeleke kwenye mbuzi choma ikiwa imeongezwa pilipili mbichi iliyokatwakatwa na ndimu, na kwa wanaokula kitimoto, sijui kiungo kinachokata mafuta yake vizuri zaidi. Kwenye keki, nusu ya mafuta unaweza kuibadilisha kwa kipimo kile kile cha sosi, keki ikabaki na unyevu siku ya tatu.

Ukiwa na subira, chukua sosi laini isiyo na sukari, irudishe kwenye moto mdogo kabisa, au kwenye oveni ya nyuzi 120 ndani ya bakuli pana lisilofunikwa, ukiikoroga kila nusu saa kwa saa tatu au nne. Inakuwa ya kahawia iliyokolea, inang'aa, na mwiko unasimama ndani yake. Sukari ionje tena kabla hujaongeza, utakuta haihitajiki. Chupa nne za sosi zinarudi kuwa mbili, na kijiko kimoja kinatosha chapati nzima.